Gari la Kazi Likiozea Polisi: Jinsi Wenzetu wa India Wanavyolidai



Kila mtu wa kazi ya gari anajua kwamba siku gari linapokamatwa, mshahara nao umekamatwa. Polisi hawaandiki hivyo katika kitabu chao. Wao huandika namba ya gari, rangi yake, na jina la aliyekuwa usukani. Lakini nyumbani kwa dereva, na nyumbani kwa tanboi wake, watoto hawali namba ya gari. Wanakula safari. Safari ikisimama, sufuria nayo inasimama.

Mara hii ukurasa wetu unavuka bahari kwenda India. Wapo watakaouliza, India inatuhusu nini sisi wa Uganda na nchi jirani? Inatuhusu. Kwanza, pikipiki nyingi za bodaboda tunazopanda kila siku, za Bajaj na TVS, zimetoka kwao. Pili, sheria za jinai za India ndizo alizozileta Mwingereza katika nchi zetu, na zilitumika Uganda na Kenya mpaka mwaka 1930 zilipotungwa nyingine. Tatu, hata maneno yao ya kortini hayatupotezi. Mtetezi wao wanamwita wakil, mwenye mali malik, dhamana zamanat, na chumba cha polisi cha kuwekea vitu vilivyokamatwa kinaitwa malkhana, yaani nyumba ya mali. Msomaji wa Kiswahili akikaa katika baraza la korti kule Delhi, masikio yake hayatakuwa mageni kabisa.

Basi tuone wenzetu wanafanyaje gari la kazi likishikwa na polisi, sheria yao inasema nini, na sisi tuchukue lipi.

GARI HUKAMATWAJE

Sheria ya India inampa polisi uwezo wa kuchukua kitu chochote anachokishuku kuwa kimeibwa, au kimetumika katika kosa la jinai. Uwezo huo ulikuwa katika kifungu cha 102 cha Sheria ya Mwenendo wa Jinai ya mwaka 1973. Tangu tarehe 1 Julai 2024 India imeanza kutumia sheria mpya, iitwayo Bharatiya Nagarik Suraksha Sanhita, na humo uwezo huo umo katika kifungu cha 106.

Kwa hiyo gari linaweza kukamatwa kwa njia nyingi. Limegonga mtu. Limeibwa, likapatikana. Limebeba mbao za msitu wa serikali, au pombe katika jimbo linalokataza pombe, au dawa za kulevya. Au mtu amelitumia kukimbilia baada ya kupora. Katika mambo yote hayo mwenye gari anaweza kuwa hakufanya kosa lolote, na dereva vilevile. Gari linashikwa kwa sababu ni ushahidi.

Hapa ndipo taabu inapoanza. Kesi za jinai India huchukua muda mrefu, nyingi kwa miaka. Zamani ilikuwa desturi gari kukaa kituoni mpaka kesi iishe. Ndugu msomaji, wewe unajua gari lililosimama linavyokuwa. Mwezi wa kwanza betri inakufa. Baadaye matairi yanakaa chini na kupasuka ubavuni. Mvua inaingia, kutu inakula sakafu, panya wanakata nyaya. Tena wapo panya wa miguu miwili, wanaokuja usiku na spana. Baada ya miaka mitatu mwenye gari akishinda kesi, anapewa chuma cha kuuza kwa kilo.

Na wakati wote huo, kama gari lilinunuliwa kwa mkopo, mkopeshaji hasubiri kesi. Kila mwezi anadai chake.

HUKUMU YA MWAKA 2002

Tarehe 1 Oktoba 2002 Mahakama ya Juu Kabisa ya India ilitoa hukumu ambayo mawakili wote wa huko wanaijua kwa jina la Sunderbhai Ambalal Desai. Kesi ilitoka jimbo la Gujarat. Ndani yake mlikuwa na malalamiko kwamba vitu vilivyohifadhiwa katika kituo cha polisi vilibadilishwa vikawekwa vya bandia, fedha zikaliwa, na vingine vikapigwa mnada bila ruhusa. Majaji wakaona afadhali waweke utaratibu wa vitu vyote vinavyokamatwa: dhahabu, fedha taslimu, pombe, na magari.

Juu ya magari mahakama ilisema wazi kwamba hakuna faida kuyaweka kwa muda mrefu vituoni. Hakimu atoe amri mara moja. Gari arudishiwe anayestahili kuwa nalo, baada ya kuweka hati ya ahadi na dhamana kwamba atalileta litakapotakiwa. Kabla ya kulitoa, gari lipigwe picha, na iandikwe hati mbele ya mashahidi inayoeleza gari lilivyo. Hati hiyo huitwa panchnama. Picha na hati ndizo zitakazosimama kortini badala ya gari lenyewe.

Kama hakuna mtu anayelidai gari, si mwenyewe, si mshtakiwa, wala shirika la bima, basi korti iamuru liuzwe mnadani. Na amri hiyo itolewe katika miezi sita tangu gari lilipofikishwa mbele ya korti.

Fikra iliyomo ni nyepesi kueleweka. Korti inachotaka ni ushahidi, wala haina haja na injini. Picha ya lori lenye alama ya ajali inatosha kumwonyesha hakimu alama ya ajali. Lori lenyewe liendelee kubeba mizigo.

Mwaka 2010 Mahakama hiyohiyo ilirudia agizo lake, safari hii kwa ombi la mashirika ya bima, ambayo yalikuwa yakiumia kwa magari yaliyoibwa, yakapatikana, kisha yakaozea polisi. Mahakama ikaongeza kwamba kwa kawaida gari litolewe katika siku 30 tangu ombi lipelekwe. Mwaka 2014 Mahakama Kuu ya Delhi nayo ikafafanua zaidi: picha zikishapigwa na kuthibitishwa, hati ikaandikwa, na thamani ya gari ikapimwa, hakuna sababu ya kumlazimisha mwenye gari alilete tena kortini wakati wa kesi.

Na polisi wakipoteza mali ya watu? Jambo hilo lilishaamuliwa mwaka 1977, katika kesi iliyotoka jimbo ambalo zamani liliitwa Mysore. Vito na fedha za raia viliwekwa kituoni, vikapotea mikononi mwa polisi. Mahakama ya Juu Kabisa ikasema kwamba serikali iliyoshika mali ya mtu ina wajibu wa kuitunza, na ikishindwa kueleza ilivyopotea, itaagizwa kulipa thamani yake.

SHERIA MPYA NA HESABU YA SIKU

Katika sheria ya mwaka 1973 kazi hii ilifanywa kwa vifungu viwili, 451 na 457. Katika sheria mpya vimekuwa 497 na 503. Vifungu vyenyewe vinafanana na vya zamani, lakini kile cha 497 kimeongezewa hesabu ya siku. Mali ikifikishwa mbele ya korti, katika siku 14 korti iandike maelezo yake. Mali ipigwe picha, na ikihitajika ipigwe hata picha za video. Baada ya hapo, katika siku 30, korti itoe amri: irudishwe kwa mtu, iuzwe, itaifishwe au iharibiwe. Picha na maelezo hayo vitakuwa ushahidi halali.

Ndugu, ukiisoma sheria hiyo haraka utadhani taabu imekwisha. Siku 14 na siku 30, jumla siku 44, gari liko barabarani. Lakini tazama hesabu inaanzia wapi. Haianzii siku polisi walipochukua ufunguo. Inaanzia siku mali ilipofikishwa mbele ya korti. Gari likikaa nyuma ya kituo bila korti kuarifiwa vizuri, saa ya sheria haijaanza kulia. Ndiyo maana mpaka leo, zaidi ya miaka 20 tangu hukumu ya 2002, mtu akipita vituo vingi vya polisi vya India bado anaona magari yamepangwa nje, majani yameotea ndani ya bodi. Hukumu iko na vifungu viko. Anayekosekana ni mtu wa kwenda kudai.

KUDAI KWENYEWE

Kurudishiwa gari kwa njia hii wenyewe wanakuita superdari, yaani kukabidhiwa mali kwa amana. Wewe unalitumia gari, lakini mkononi umelishika kwa niaba ya korti mpaka kesi iishe. Mambo huenda hivi.

Kwanza, mwenye gari anatafuta nakala ya taarifa ya kwanza ya polisi, ambayo India nzima inaijua kwa herufi tatu, FIR, pamoja na hati ya kukamatwa kwa gari. Bila karatasi hizo hajui gari linashikiliwa kwa kosa gani, na kosa ndilo linaloonyesha njia ya kupita.

Pili, anakusanya karatasi za gari: kadi ya usajili yenye jina lake, bima, cheti cha ubora wa gari, kibali cha kubeba mizigo au abiria, leseni ya dereva, na kitambulisho chake. Kama gari ni la mkopo, jina la mkopeshaji limo katika kadi, na karatasi za mkopo nazo huwekwa tayari.

Tatu, anapeleka ombi kwa hakimu wa eneo lile, kwa kawaida kwa mkono wa wakili. Hakimu humwuliza polisi anayepeleleza: gari bado linahitajika? Mwombaji ndiye mwenyewe kweli? Hapo mambo mengi hukwama, maana ripoti ya polisi ikichelewa, ombi linaahirishwa wiki hadi wiki.

Nne, hakimu akikubali, anataja kiasi cha dhamana kwa rupia na kuweka masharti. Usiliuze gari. Usibadilishe rangi wala injini. Ulilete ukiitwa. Picha zinapigwa, hati inaandikwa, mwombaji anatia sahihi, na gari linatoka.

Hakimu akikataa, mwombaji anaweza kupanda ngazi mpaka korti ya Sessions au Mahakama Kuu ya jimbo. Na asiye na fedha za wakili ana mlango mwingine. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 1987 inawapa wakili wa bure watu wenye kipato kidogo, wanawake wote, watu wa tabaka zilizodharauliwa na makabila yaliyoachwa nyuma, na wafanyakazi wa viwandani. Mlango huo uko wazi kisheria. Tabu ni kwamba wengi hawajui ulipo.

AJALI, NA MAGARI YASIYO NA BIMA

Kwa gari la ajali iko sheria nyingine, Sheria ya Magari ya mwaka 1988. Kifungu chake cha 136 kinamruhusu mkaguzi kulichukua gari lililopata ajali na kulipima breki, usukani na mengineyo. Lakini mwenye gari aambiwe limepelekwa wapi, na likishapimwa lirudishwe katika saa 24. Dereva anayelijua neno hilo, saa 24, ana la kusema kituoni.

Lakini lipo sharti zito. Mwaka 2018 Mahakama ya Juu Kabisa iliagiza majimbo yote yaweke kanuni juu ya magari yanayoua au kujeruhi watu huku hayana bima ya kulipa wengine. Gari la namna hiyo halitolewi mpaka mwenyewe aweke dhamana ya kutosha kumlipa aliyeumia. Asipoweka katika miezi mitatu, gari linauzwa mnadani na fedha zinawekwa katika baraza la fidia kwa ajili ya majeruhi au wafiwa.

Sisi watu wa chama hatuwezi kulilalamikia sharti hilo. Aliyegongwa naye mara nyingi ni mfanyakazi, anatembea kwa miguu au amepanda baiskeli. Tajiri anayetoa gari barabarani bila bima anamtia hatarini mpita njia, na anamtia hatarini dereva wake pia, kwa sababu gari likiuzwa kazi imekwisha.

MLANGO UNAPOKUWA MWEMBAMBA

Si kila gari linatoka kwa njia ya superdari. Ziko sheria maalumu zenye milango yao.

Katika mambo ya misitu, majimbo mengi yamebadilisha Sheria ya Misitu ya mwaka 1927 ili ofisa wa misitu mwenyewe aweze kulitaifisha gari lililobeba mbao za wizi. Mwaka 2019 Mahakama ya Juu Kabisa iliamua, katika kesi ya Madhya Pradesh, kwamba ofisa akishaanza hatua za kutaifisha, hakimu wa kawaida hana tena uwezo wa kulitoa gari. Katika jimbo la Bihar, ambalo limepiga marufuku pombe tangu mwaka 2016, gari lililokamatwa na pombe huamuliwa na mkuu wa wilaya, na mwaka 2022 sheria ilirekebishwa ili mwenye gari aweze kulipa faini na kulichukua.

Kwa hiyo mtu akikimbilia kwa hakimu kabla ya kujua kosa lililoandikwa, anaweza kubisha mlango usio wake, miezi ikapita bure.

Sheria kali kuliko zote ni ile ya dawa za kulevya ya mwaka 1985. Inasema gari lililobeba dawa hizo linaweza kutaifishwa, isipokuwa mwenyewe athibitishe kwamba hakujua, na kwamba yeye na msimamizi wa gari walichukua tahadhari zote. Kwa miaka mingi korti nyingine zilikuwa zikisema gari la kesi ya dawa za kulevya halitolewi kabisa mpaka mwisho wa kesi. Nyingine zilisema linaweza kutolewa. Mwenye lori hakujua aamini lipi.

LORI LA ASSAM

Jambo hilo lilifika Mahakama ya Juu Kabisa kutoka jimbo la Assam, upande wa mashariki kabisa wa India. Mtu mmoja alikuwa na lori alilolinunua kwa mkopo, na lori hilo ndilo lililomlisha. Mwezi wa Aprili 2023 polisi walilisimamisha na kulipekua. Ndani wakapata heroini, haifiki hata gramu 25, ya mtu aliyekuwa amepanda. Mwenye lori hakushtakiwa. Dereva hakushtakiwa. Lakini lori likabaki polisi. Korti ya chini ikakataa kulitoa, Mahakama Kuu nayo ikakataa.

Hukumu ya mwisho ilitoka tarehe 7 Januari 2025. Majaji walisema kwamba ndani ya sheria ya dawa za kulevya hakuna neno linalomkataza hakimu kulitoa gari kwa muda wakati kesi inaendelea. Wakatoa mfano: abiria akikutwa na heroini katika ndege au meli ya kampuni, na kampuni haina habari, je, ndege itashikwa mpaka kesi iishe? Wakasema pia kwamba lori likioza halimfaidii mtu. Likitoka, mwenyewe anapata riziki, mkopeshaji analipwa, na umma unapata lori la kubebea mizigo.

Kisha wakayagawa mambo mafungu manne. Kama dawa zimekutwa kwa mwenye gari mwenyewe, au kwa mtu wake kama vile dereva aliyemwajiri, gari kwa kawaida lisitolewe mpaka mwenyewe asafishe jina lake. Kama gari liliibwa, au kama dawa ni za mtu mwingine aliyepanda na wenye gari hawahusiki, gari kwa kawaida litolewe kwa dhamana.

Ndugu madereva, someni tena fungu la pili. Kwa macho ya sheria, dereva ni mkono wa tajiri. Mzigo ukikutwa kwa dereva, gari linabaki, na dereva anabaki rumande. Mzigo ukikutwa kwa abiria, gari linaweza kutoka, lakini kwanza mtu athibitishe kwamba ulikuwa wa abiria kweli. Ni nani atakayethibitisha usiku wa manane, barabarani, abiria akiruka mlango na kuacha mfuko chini ya kiti?

Madereva wetu wa njia ndefu, wanaotoka Mombasa kwenda Kampala, Kigali au Bujumbura, wanaijua biashara ya kuokota watu njiani. Matajiri wanaikataza kwa maneno. Lakini dereva hapakii mtu kwa kupenda mazungumzo. Anapakia kwa sababu posho ya safari imekwisha kabla ya safari. Tajiri anayetaka gari lake lisikamatwe kwa mfuko wa mtu mwingine aanze kwa kuongeza posho. Chama kinaweza kulisema hilo mezani, tena kwa faida ya pande zote mbili.

DEREVA YUKO WAPI KATIKA SHERIA HII?

Katika hukumu zote tulizozitaja, anayeitwa kuchukua gari ni anayestahili kuwa nalo: mwenye gari, shirika la bima, pengine mkopeshaji. Dereva wa kuajiriwa hayumo, kwa sababu gari si lake. Yeye aliyekuwa usukani, aliyeandikwa jina, aliyelala kituoni, hana ombi la kupeleka juu ya gari. Tajiri mwenye malori 20 anaweza kuliacha moja polisi akaendelea na 19. Dereva wa lile moja hana la pili.

Hapo ndipo sheria inapoishia na kazi ya chama inapoanza. Mkataba wa kazi useme gari likikamatwa bila kosa la dereva, mshahara wake unaendelea kwa muda gani. Useme tajiri atapeleka ombi la kulitoa gari katika siku ngapi. Useme ni nani atakayemlipia dereva wakili. Mambo hayo hayaandikwi na hakimu. Yanaandikwa na watu waliokaa pamoja kabla ya taabu kufika.

Madereva wa India wenyewe wameonyesha kwamba sauti ya wengi husikika. Mwanzo wa Januari 2024 madereva wa malori waliegesha magari katika majimbo mengi, wakipinga kifungu cha sheria mpya ya adhabu ambacho kingempa kifungo cha mpaka miaka 10 dereva anayeua kwa ajali akakimbia bila kutoa taarifa. Walisema dereva akibaki pale anaweza kuuawa na umati wenye hasira. Vituo vya petroli vilijaa foleni. Serikali ikaahidi kwamba kifungu hicho hakitaanza kabla ya kushauriana na chama cha wasafirishaji. Sheria mpya zilipoanza tarehe 1 Julai 2024, kifungu hicho hakikuwashwa pamoja na vingine.

LA KUCHUKUA

Sheria ya India si sheria yetu, na mtu asiende kituo cha polisi cha hapa akamtajia ofisa kifungu cha 497. Atachekwa. Lakini yako mambo matano yanayofaa popote gari linapokamatwa.

1. Omba karatasi. Usiondoke kituoni bila hati inayosema gari limechukuliwa lini, na nani, kwa kosa gani, na likiwa na nini ndani. Andika idadi ya matairi, tairi la akiba, betri, redio, jeki, turubai na kiasi cha mafuta. Kisichoandikwa leo hakikuwepo kesho.

2. Piga picha siku hiyohiyo, kama unaruhusiwa. Wenzetu wa India imewachukua miaka mingi kuifanya picha ikubalike mahali pa gari.

3. Mwarifu tajiri na chama kabla jua halijatua, na uandike saa uliyowaarifu.

4. Jua ni mlango gani: wa hakimu, wa forodha, wa misitu, au wa idara ya magari. Uliza kabla ya kulipa mtu yeyote.

5. Karatasi za gari ziwe mahali pamoja, na nakala zibaki ofisini. Gari lisilo na bima halina mtetezi.

Matawi yote yanaombwa kulizungumza jambo hili katika mikutano yao, na kuandika ni magari mangapi ya wanachama yamelala vituoni, tangu lini, na madereva wake wanakula nini. Orodha hiyo iletwe kwa katibu wa chama. Tukikaa na matajiri juu ya mkataba, tuwawekee mezani namba za magari na majina ya madereva waliosimama kazi, tarehe kwa tarehe.